Imam Ghazali: Kutoka imani ya kurithi hadi yakini

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote, Mwenye kuzigeuza nyoyo za waja wake namna apendavyo. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), jamaa zake na Masahaba zake.

Ndugu msomaji, Ijumaa hii tumependa kuzungumzia maisha ya Imam Abu Hamid Muhammad bin Muhammad Al-Ghazali, Mwenyezi Mungu amrehemu. Jina lake si geni katika nyumba zetu. Kitabu chake kikubwa, Ihyau Ulumid-Din, kimekuwa kikisomwa katika darsa za pwani yetu tangu zama za wazee wetu, na hata yule ambaye hajawahi kukifungua amekwisha kusikia khatibu akikitaja juu ya mimbari. Tunamwita Hujjatul Islam, yaani Hoja ya Uislamu, na kwa ajili ya laqabu hiyo wengi wetu humdhania kuwa ni mtu aliyezaliwa na yakini yake mkononi, akakua nayo, akafa nayo, bila ya kutikisika hata siku moja.

Mambo hayakuwa hivyo, na aliyetueleza kwamba hayakuwa hivyo ni yeye mwenyewe. Alipokwisha kuvuka umri wa miaka hamsini aliandika kitabu kidogo, Al-Munqidh minadh-Dhalal, maana yake Mwenye kuokoa kutokana na upotevu, na humo akasimulia jinsi itikadi yake ilivyobomoka na kujengeka upya, na jinsi alivyoishi miaka akiwafundisha watu jambo ambalo yeye mwenyewe hakuwa amelifikia. Ni wachache mno miongoni mwa maulamaa wa daraja yake waliothubutu kuyaweka mambo ya namna hiyo katika maandishi.

Waandishi wengi wa tarekhe wanasema alizaliwa mwaka 450 Hijria (1058) katika mji wa Twus, jimbo la Khurasan, karibu na mahali ulipo leo mji wa Mashhad nchini Iran. Baba yake alikuwa fakiri mchamungu aliyesokota sufi na kuiuza dukani kwake. Hakubahatika kusoma, na jambo hilo lilimuuma hadi kufa kwake. Akimaliza kazi yake alikuwa akienda kukaa katika vikao vya mafaqihi, na husimuliwa kwamba alikuwa akilia na kumwomba Mola wake amruzuku mtoto faqihi. Kisha huenda kuwasikiliza watoa mawaidha, akalia tena na kuomba mtoto mtoa mawaidha. Akajaaliwa watoto wawili, Muhammad na Ahmad, na dua zote mbili zikajibiwa baada ya yeye kuiaga dunia.

Kabla ya kufa aliwausia watoto hao kwa rafiki yake, mtu wa tasawwuf, akamkabidhi akiba ndogo aliyokuwa nayo na kumtaka awasomeshe kwa fedha hizo hata kama zitakwisha zote. Nazo zikaisha. Yule mlezi alikuwa fakiri kama rafiki yake, hakuwa na cha kuwalisha, akawaambia hana ushauri mwingine ila waingie madrasa wakae kama wanafunzi, kwa sababu madrasa za wakati ule zilikuwa zikiwapa wanafunzi riziki yao. Kwa hiyo Hujjatul Islam aliingia katika elimu akifuata mkate. Baadaye hakuona haya kulikiri hilo, wala sisi hatuoni kwa nini lifichwe. Watoto wangapi wa leo wanapelekwa shule ya bweni na wazazi wao kwa sababu huko kuna chakula, nao wakatoka huko watu wa elimu?

Alianza fiqhi ya madhehebu ya Imam Shafi akiwa Twus, kisha akasafiri hadi Jurjan. Alipokuwa akirejea kutoka huko wanyang'anyi waliuvamia msafara wao wakachukua kila kitu. Ghazali aliwafuata nyuma, akamsihi mkubwa wao amrudishie walau furushi la maandishi yake, kwa kuwa humo ndimo ilimo elimu yote aliyoihangaikia. Yule mwizi alimcheka, akamwuliza ni elimu gani hiyo ambayo mtu akinyang'anywa karatasi hubaki bila ya kitu, kisha akaamuru arudishiwe. Kijana aliyachukua maneno yale kuwa ni onyo kutoka kwa Mwenyezi Mungu lililopitishwa katika kinywa cha mwovu. Alipofika Twus alikaa miaka mitatu akihifadhi kwa moyo yote aliyokuwa ameyaandika. Hapo tayari tunamwona mtu ambaye hakutosheka na kitu kilichoko nje yake, ingawa kuhifadhi kwa moyo na kuyakinisha kwa moyo ni mambo mawili mbalimbali, na tofauti hiyo ilimjia baadaye kwa gharama kubwa.

Kisha akaenda Naysabur kwa bingwa wa zama zile, Imamul Haramayn Al-Juwayni, akasoma kwake fiqhi, usuli, mantiki na ilmul kalam, yaani elimu ya kuitetea itikadi kwa hoja. Alikuwa mwepesi wa kufahamu, mkali wa ulimi na mwenye kujiona. Katika ujana wake aliandika kitabu cha usuli, Al-Mankhul, na mwishoni mwake akamshambulia Imam Abu Hanifa kwa maneno ambayo haifai mwanafunzi kuyasema juu ya imamu wa Umma. Tunaomba msomaji alikumbuke jambo hili, maana tutalirudia.

Juwayni alifariki mwaka 478 Hijria (1085). Ghazali akaelekea kwenye kambi ya Nizamul Mulk, waziri mkuu wa dola ya Waseljuki, aliyekuwa akiwapenda maulamaa na kujenga madrasa kila pembe. Katika majlisi ya waziri alijadiliana na vigogo wa elimu akawashinda, na mwaka 484 Hijria (1091) akateuliwa kuwa mwalimu mkuu wa Nizamiyya ya Baghdad, cheo ambacho wakati ule hakikuwa na mfano, hali hajatimiza miaka thelathini na mitano. Wanafunzi mia tatu walikuwa wakikaa mbele yake. Ibnul Jawzi katika tarekhe yake ameleta kisa kwamba alipoingia Baghdad watu walikadiria thamani ya mavazi yake na mnyama aliyempanda wakaona inafika dinari mia tano.

Sasa tuingie ndani ya mtu huyu ambaye nje yake ilikuwa ikimeta kiasi hicho.

Anasema kwamba tangu ujanani alikuwa akijiuliza jambo moja. Aliwaona watoto wa Kikristo wakikua katika Ukristo, watoto wa Kiyahudi katika Uyahudi na watoto wa Kiislamu katika Uislamu, na aliijua hadithi mashuhuri inayoeleza kwamba kila mtoto huzaliwa juu ya maumbile safi kisha wazazi wake ndio wanaompeleka huku au kule. Akajiuliza: je, mimi nimeamini kwa kuwa ni kweli, au kwa kuwa nimezaliwa Twus katika nyumba ya msokota sufi? Kama ningezaliwa katika nyumba nyingine, ningekuwa nani? Tangu siku hiyo kamba ya taqlidi, yaani kuwafuata waliotangulia bila ya kujua dalili yao, ilimkatikia. Na anaeleza kuwa taqlidi ni kama kioo. Mwenye nayo huwa salama muda wote asiojua kwamba anafuata tu, lakini akishajua, kimevunjika, wala hakiungiki kwa gundi, hapana budi kiyeyushwe motoni kifinyangwe upya.

Akaanza kutafuta kitu ambacho hakiwezekani kutiliwa shaka. Akaitazama milango ya fahamu, nayo akaiona inadanganya: jicho linakiona kivuli kimesimama kumbe kinakwenda, linaiona nyota ndogo kama dinari, na hesabu za wanajimu zinathibitisha kuwa ni kubwa kuliko ardhi. Akasema basi tutegemee akili. Lakini nafsi yake ikamrudi: uliiamini milango ya fahamu mpaka akili ikaja kuisuta, nani kakwambia kuwa nyuma ya akili hakuna hakimu mwingine, ambaye akidhihiri ataisuta akili nayo? Huoni kwamba ukiwa usingizini unaamini kila unaloliona, na huna shaka nalo, mpaka uamke? Hapo hakuwa na jibu, kwa sababu kila jibu lingehitaji dalili, na kila dalili ingejengwa kwa ile ile akili inayoshitakiwa.

Hali hiyo ilimdumu karibu miezi miwili. Yeye anaiita maradhi. Kwa ulimi wake hakusema kitu, bali kwa ndani alikuwa mtu asiyekuwa na uhakika wa chochote. Mwaka gani jambo hili lilitokea hakutaja. Alichokitaja ni namna alivyopona: hakupona kwa hoja iliyopangwa wala kwa maneno yaliyotungwa, bali kwa nuru ambayo Mwenyezi Mungu aliitia kifuani mwake, akarudi kuziamini kanuni za akili kwa utulivu na salama.

Tumelirefusha jambo hili kwa makusudi. Wazazi hutujia, baba na mama pamoja, wakisema kijana wao aliyeko chuo kikuu, au binti yao aliyeko sekondari, ameanza kuuliza maswali ya ajabu: tunajuaje kwamba Qur'ani ni ya Mwenyezi Mungu, na kama tungezaliwa katika nyumba ya jirani tungeamini nini. Wengine wamekwisha kumpiga, wengine wamemkatia ada, wengine wanataka asomewe ruqya. Sisi huwauliza kama wanajua kwamba swali la kijana wao ni swali lile lile la mwenye Ihya. Hatusemi kwamba kila mwenye shaka ni Ghazali, wala hatusemi kwamba shaka ni jambo la kulitangaza barazani. Yeye mwenyewe hakulitangaza, alilitibu kwanza ndipo akalisimulia, na kati ya kutibu na kusimulia ilipita miaka mingi. Lakini swali la mtoto huyo ni la mtu ambaye kioo chake kimevunjika, na kumpigia kelele akiunganishe kwa gundi hakumsaidii.

Alipopona hakurudi kule kule alikotoka. Alitaka kujua, katika makundi yote yanayodai kuifikia haki, lipi linaloifikia kweli. Akayahesabu manne: watu wa ilmul kalam, Mabatini waliodai kwamba haki haijulikani ila kwa imamu maasumu, wanafalsafa, na watu wa tasawwuf. Kalam alikuwa bingwa wake tayari, akaiona ni elimu inayotimiza makusudio yake yenyewe wala haitimizi makusudio yake yeye. Ni kama askari wanaolinda njia ya mahujaji, na askari huyo kama hatahiji naye habadiliki kuwa Haji kwa kulinda njia tu. Falsafa aliisoma peke yake bila ya mwalimu, katika saa chache alizozipata baada ya kusomesha, kwa muda usiofika miaka miwili, kisha akakaa karibu mwaka mzima akiizungusha akilini. Kwanza aliandika kitabu cha kueleza makusudio ya wanafalsafa kwa uadilifu, kisha ndipo akatoa Tahafutul Falasifa, ambamo aliwapinga katika masuala ishirini. Katika kumi na saba aliwahukumu kuwa ni watu wa bidaa, na katika matatu aliwahukumu ukafiri: kusema ulimwengu ni wa tangu na tangu, kusema Mwenyezi Mungu hajui mambo moja moja, na kukanusha kufufuliwa viwiliwili. Mabatini nao aliwaandikia kitabu kwa agizo la Khalifa Al-Mustadhhir.

Ikabaki tasawwuf. Akasoma Qutul Qulub cha Abu Talib Al-Makki, vitabu vya Al-Muhasibi, na yaliyopokewa kutoka kwa Junaid, Shibli na Abu Yazid. Akayaelewa yote. Kisha akagundua kwamba yaliyobaki hayasomwi. Kujua maana ya afya na sababu zake ni jambo moja, na kuwa mzima ni jambo jingine. Tabibu mgonjwa anaijua afya kuliko watu wote naye hana. Akajitazama. Akauona mkusanyiko wa wanafunzi, mavazi, sauti yake katika majlisi, barua za mawaziri. Akaipima nia yake katika kusomesha, na hukumu aliyojitolea ilikuwa kali: hakuwa akimtaka Mwenyezi Mungu, alikuwa akitaka jaha na kuenea kwa sifa. Mtu huyu kwa wakati huo hakuwa na shaka tena juu ya Mwenyezi Mungu, Utume wala Siku ya Mwisho. Itikadi yake ilikuwa imesimama imara. Kilichomtisha ni kwamba imani hiyo ilikuwa haimfanyi kitu.

Ilianza Rajab mwaka 488 Hijria (Julai 1095). Karibu miezi sita alikuwa akivutwa huku na huku. Asubuhi humjia azma ya kuondoka Baghdad, jioni jeshi la matamanio huishambulia likaivunja. Hatua moja mbele, moja nyuma. Mwisho mwili ulikata shauri kabla ya moyo: ulimi wake ukafungika. Alikuwa akijitahidi kusomesha walau siku moja ili kuwaridhisha wanafunzi wake, neno halitoki. Huzuni ikashuka tumboni, chakula hakipiti, hata kumeza maji kukawa kazi. Matabibu wakasema hili ni jambo lililoteremka moyoni na kutoka hapo likaenea mwilini, hawana dawa yake ila moyo upumzike kutokana na wasiwasi uliouingia. Wakakata tamaa.

Naye akamkimbilia Mola wake kama anavyomkimbilia mtu aliyedhikika asiyekuwa na hila. Jaha, mali, watoto na masahibu vikawa vyepesi moyoni mwake. Mwezi wa Dhul Qaada wa mwaka huo alitoka Baghdad akidhihirisha kwamba anakwenda Makka, na kumbe ndani ya nafsi yake amekusudia Sham, kwa kuchelea Khalifa na marafiki wasije wakamzuia. Mali yake aliigawa, hakubakisha ila kiasi cha kumtosha na chakula cha watoto.

Hapa tunapenda kusimama kidogo, kwa kuwa wapo wanaokisimulia kisa hiki kana kwamba Imam alitupa familia njiani akaenda kutafuta nuru. Alieleza mwenyewe kwamba aliwaachia watoto riziki kutokana na mali ya Iraq iliyowekwa wakfu kwa maslahi ya Waislamu, na hakuona mali iliyo halali zaidi kwa mwanachuoni kuwalisha wanawe. Baba anayewaacha watoto bila ya unga nyumbani, akazunguka misikitini miezi, asijifunike kwa jina la Ghazali.

Watu wa Baghdad walizungumza sana. Hakukuwa na mmoja aliyeelewa kwamba mtu anaweza kuacha cheo kama kile kwa sababu ya dini, maana kwao cheo kile ndicho kilichokuwa kilele cha dini. Waliokuwa mbali walidhani watawala wamemtisha. Na wapo wanahistoria mpaka leo wanaosema aliwakimbia Mabatini, kwa kuwa mtu wa kundi lao ndiye aliyetajwa kumchoma kisu Nizamul Mulk mwaka 485 Hijria (1092), na Sultani Malik Shah naye akafa mwaka huo huo, dola ikaingia fitina. Huenda hofu ilikuwemo. Mwanadamu hana sababu moja. Lakini mtu anayekimbia kisu, akishafika mahali pa salama, hutafuta cheo kingine. Huyu alifika Damaskasi akapanda juu ya mnara wa msikiti wa Banu Umayya, akajifungia mlango mchana kutwa.

Akaenda Baitul Maqdis, akawa akiingia Qubbatus Sakhra kila siku na kujifungia humo. Akaenda Al-Khalil kuzuru kaburi la Nabii Ibrahim (A.S.), na mbele ya kaburi hilo, mwaka 489 Hijria (1096), aliweka ahadi tatu: hatachukua mali ya sultani yeyote, hatakwenda kumsalimia sultani yeyote, wala hatafanya tena mijadala ya kushindana. Kisha akahiji. Katika miaka hiyo ndipo ilipoandikwa Ihya, vitabu arubaini katika robo nne: ibada, mambo ya desturi ya maisha, yenye kuangamiza na yenye kuokoa.

Alipopita tena Baghdad mwaka 490 Hijria (1097), kadhi wa baadaye wa Andalusi, Abu Bakr Ibnul Arabi, alimkuta akasoma kwake. Na wale wale waliokuwa wamekadiria mavazi na mnyama wake kwa dinari mia tano, kwa mujibu wa kisa cha Ibnul Jawzi, wakakadiria mavazi yake wakaona hayazidi qirati kumi na tano. Kisha mwito wa watoto, kama anavyosema, ukamvuta kurudi kwao Twus, ingawa alikuwa ameazimia asirudi. Mambo ya familia na shida za maisha zikawa zinamchafulia upweke wake, hakupata usafi wa moyo ila kwa nyakati za mpasuko. Hata hivyo hakukata tamaa nao. Hili linatupendeza kuliko mnara wa Damaskasi.

Wapo waliomlaumu kwamba Baitul Maqdis ilianguka mikononi mwa Wafaransa wa Msalaba mwaka 492 Hijria (1099), miaka mitatu tu baada ya yeye kuabudu humo, na vitabu vyake vimenyamaza. Lawama hiyo ina uzito na hatutaki kuifuta kwa neno la heshima. Wakati huo alikuwa mbali katika nchi ya Khurasan, lakini kunyamaza kwake ni kunyamaza.

Je, alibadilika kweli, au alibadilisha mavazi? Swali hili aliliuliza mtu aliyemjua, Abdul Ghafir Al-Farisi wa Naysabur. Huyu alikuwa akimwona Ghazali zamani na kuchukizwa na ukali wake, kiburi chake na jinsi alivyowadharau watu kwa sababu ya ufasaha na akili aliyopewa. Aliporudi na unyenyekevu, Abdul Ghafir alidhani ni joho jipya la kujipambia. Akamzuru mara kwa mara, akamchunguza, na baada ya muda akakiri katika tarekhe yake kwamba jambo lilikuwa kinyume cha dhana yake, mtu yule alikuwa ameamka kutoka wazimu.

Nasi tunayo dalili nyingine katika vitabu vyake. Yule kijana aliyemtukana Abu Hanifa katika Al-Mankhul, katika Kitabu cha Elimu ndani ya Ihya anamhesabu pamoja na Shafi, Malik, Ahmad na Sufyan Thawri miongoni mwa mafaqihi waliokuwa wacha Mungu, wajuzi wa Akhera, na kuwasuta wafuasi wa maimamu hao waliochukua fiqhi yao wakaacha uchamungu wao. Hata hivyo maandishi ya ujana hayafi. Wapinzani wake wa Khurasan walikuja kulifukua lile la zamani na kumshitakia mbele ya Sanjar, mtawala wa nchi ile. Vivyo hivyo yule aliyetoa hukumu ya ukafiri kwa kalamu nyepesi aliandika baadaye Faysalut Tafriqa, kitabu cha kuweka mipaka ya kukufurisha. Zile hukumu tatu hakuzifuta. Lakini aliwaonya wanaowakufurisha Waislamu wenzao kwa kutofautiana na madhehebu yao katika kalam, na akaeleza kwamba watu wengi wa nchi za mbali, Warumi na Waturuki ambao wito wa Uislamu haukuwafikia, au umewafikia umepotoshwa, rehema ya Mwenyezi Mungu inatarajiwa iwaenee. Katika zama zetu ambapo kijana aliyesoma vitabu vitatu huwatoa wazee wa mtaa mzima katika Uislamu, kitabu hiki kingefaa kusomwa kuliko vingi.

Mwaka 499 Hijria (1106) Fakhrul Mulk, mtoto wa Nizamul Mulk, alimshikilia arudi kusomesha katika Nizamiyya ya Naysabur. Miaka kumi na moja ilikuwa imepita tangu atoke Baghdad. Aliwashauri watu wa kheri, wakamhimiza, akakubali. Na hapa anasema jambo ambalo sisi hulirudia kuwasomea wanafunzi wetu: kwa dhahiri amerudi kwenye ualimu, lakini yeye haoni kuwa amerudi, kwa sababu zamani alikuwa akisomesha elimu ya kupatia jaha, na sasa anasomesha elimu ya kuiachia jaha. Fakhrul Mulk naye akauawa mwaka 500 Hijria. Baada ya muda Ghazali aliiacha Naysabur akarudi Twus, akajenga madrasa kando ya nyumba yake na makazi ya watu wa tasawwuf. Mwaka 504 Hijria alipoitwa tena Nizamiyya ya Baghdad, akakataa.

Maulamaa hawakuafikiana juu yake, na haki ituambie tuseme. Ihya ilichomwa moto Cordoba mwaka 503 Hijria (1109) kwa amri ya dola ya Murabitun, yeye akiwa hai. Ibnul Arabi, mwanafunzi wake, alikuwa akimtukuza na huku akisikitika kwamba falsafa aliyoingia ndani yake kuipinga hakuweza kutoka nayo yote. Ibnul Jawzi na Ibn Taymiyya walimtia makosa, na hadithi dhaifu zilizomo katika Ihya zilimfanya Hafidh Al-Iraqi afanye kazi kubwa ya kuzichambua moja moja.

Kuhusu hadithi, Abdul Ghafir anatuambia kwamba mwisho wa umri wake Ghazali aligeukia kuzisikiliza na kukaa na watu wake, akizipitia Bukhari na Muslim. Mtu aliyewahi kuwa na wanafunzi mia tatu alikaa tena kama mwanafunzi katika fani ambayo alijua hakuipa haki yake. Kitabu chake cha mwisho, alichokimaliza siku chache kabla ya kufa, Iljamul Awam, kinawazuia watu wa kawaida wasiingizwe katika ilmul kalam, elimu ile ile iliyompandisha cheo mbele ya Nizamul Mulk.

Ndugu yake Ahmad, yule mtoa mawaidha aliyeombwa na baba yao, ndiye aliyesimulia habari ya siku ya Jumatatu, tarehe 14 Jumadath Thani mwaka 505 Hijria (Desemba 1111). Alfajiri Abu Hamid alitawadha akasali, kisha akaomba aletewe sanda yake, akaichukua, akaibusu, akaiweka juu ya macho yake akisema kwamba amesikia na ametii. Akainyosha miguu yake akaelekea Qibla, na kabla kweupe hakujatanda alikuwa amekwisha kufariki. Akazikwa Twus. Hakuacha mtoto wa kiume, aliacha mabinti. Alikuwa na kitu kidogo cha urithi na cha jasho lake kinachowatosha watu wake, na watu walipomletea mali zaidi hakuipokea.